Uso wa Sabuni

Aliitwa Sumina, yaani jalala, na aliyempa jina hilo ni mama aliyempenda kuliko kitu chochote duniani. Ndivyo tunavyofanya Kumasi mwanamke akizika watoto mfululizo. Maame Pokuaa alikuwa amezika watatu. Alipozaliwa wa nne hakumpigia vigelegele. Alimfunga katika kitambaa kikuukuu, akaenda kumlaza kando ya jalala nyuma ya nyumba ya ukoo, akaondoka bila kugeuka. Jirani aliyekuwa amepangwa akapita, akauliza kwa sauti ni nani katupa takataka hii hapa, akamwokota, kisha akamuuzia mama yake kwa vijisenti. Kifo kina maringo, wazee walisema, hakiokoti kilichotupwa. Na ili kumaliza kazi, mtoto akachanjwa chale mashavuni kama walivyokuwa nazo zamani watumwa walioletwa kutoka kaskazini, ili kifo kikirudi kimwone ni wa watu wengine, kipite.

Kifo kilipita kweli, tena hakikurudi. Waliobaki kumsumbua ni watu. Shuleni walimngoja langoni.

"We Sumina, mama yako alikununua kwa pesewa ngapi?"

"Hakununuliwa," mwingine anadakia. "Alitiwa nyongeza kwenye gunia la vitunguu."

Anarudi nyumbani analia, na Maame Pokuaa, aliyekuwa akimenya mihogo ya fufu, anamjibu bila kuinua kichwa: "Ulikuwa unakufa, tukakuchanja, ukabaki. Unataka nini zaidi?"

Watoto wa jinsi yake wamejaa mji huu, na wengi wana vichale vidogo vya kutimiza wajibu tu, mpaka usogee ndipo uvione. Vya Sumina havikuwa hivyo. Vilikuwa vimechanjwa kikamilifu, na mtu aliyejua anachotaka: mistari miwili mirefu ikiteremka kutoka chini ya jicho, na mmoja mfupi uliopinda karibu na pembe ya mdomo, kila upande. Hakuna aliyeuliza kwa nini. Kwetu hayaulizwi. Asili ya mtu haitajwi. Ni sheria ya zamani kuliko barabara za lami, na kuna wakati mtu alikatwa kichwa kwa kuivunja. Ukoo mmoja una damu ya kila namna, iliyozaliwa na iliyonunuliwa, na wote wanachovya bakuli moja kwa sababu hakuna anayesema nani ni nani. Mimi sijawahi kuidharau sheria hiyo. Imefukia machozi mengi, ni kweli, lakini pia imewapa watu wengi mahali pa kulala.

Sumina alipoingia chuo cha sanaa, mwalimu aliwaambia kila mmoja achore uso wake. Alichora siku nzima kwa makaa, akaridhika nao. Mwenzake wa pembeni alichungulia. "Huyu nani, dada yako?" Ndipo alipoona kwamba mashavu aliyoyachora yalikuwa laini kama ya mtoto wa tangazo la maziwa. Hakuwa amekusudia. Mkono wake wenyewe ulikuwa umemkana, naye akauchukia mkono ule kwa muda mrefu.

Tangu hapo hakufanya kazi nyingine ila ya uso wake. Alipiga picha za shavu lake, akazikuza zikajaa ukuta, chale zikawa kama makorongo ya mvua. Alikaa sokoni Kejetia na kioo na kopo la poda, akawaomba wapita njia wamfunike alama, na kamera ikiwarekodi: mwanamke wa samaki alimpaka akicheka, kijana wa simu alikataa kumgusa, na mama mmoja wa makamo alimpaka shavu moja akaanza kulia, akaenda zake. Wageni waliiita kazi kubwa. Nyumbani waliiita mengine.

"Wenzako wanapiga picha wamevaa vitambaa vya kente," alisema Mjomba Oppong, kaka wa mama yake kiukoo, si wa tumbo moja, na mkuu wa ukoo, mtu mnene wa maneno ya taratibu. "Wewe unapiga shavu. Sasa mtu akitaka kukuoa tumwonyeshe nini, shavu?"

"Mwonyeshe yote mawili, Mjomba."

"Haya. Akitoroka usiniite."

Alifika umri wa miaka arobaini hajaolewa, ana chumba kimoja cha kazi mtaani Bantama chenye skrini tatu na feni inayopiga kelele, na jina lake linajulikana na watu wasioweza kulitamka. Hapo ndipo lilipomjia wazo la sabuni. Angetengeneza kalibu ya uso wake kwa plasta, amimine ndani yake sabuni nyeusi, ile ya majivu na mawese tunayoogea sote. Nyuso za sabuni zingewekwa kando ya mabeseni, na watu wanaokuja kutazama wanawe mikono kwa uso wake, siku baada ya siku, mpaka chale ziishe. Alitaka aone nani atanawa. Nadhani alitaka pia kuona zikiisha.

Mtu hawezi kujifunika plasta usoni peke yake. Alihitaji mikono ya mwingine, na mikono aliyoiamini ilikuwa ya mama yake. Maame Pokuaa alikuja asubuhi na mfuko wa mahindi ya kuchoma, akaketi kwenye kigoda, akatazama vile vitambaa vya plasta vya kufungia mifupa iliyovunjika.

"Na pua?"

"Natia mirija."

"Na hicho nacho?" Alikinyooshea kidole kinasa sauti kilichokuwa mezani.

"Kinarekodi sauti ya kazi. Maji, mikono. Ndiyo kawaida yangu."

Mama alimpaka siagi ya shea uso mzima ili plasta isigande kwenye ngozi. Alipofika kwenye mashavu alipunguza mwendo. Kisha akaanza kuweka vitambaa vyenye maji, kimoja juu ya kingine, paji la uso, macho, midomo. Sumina akawa kipofu na bubu, anapumua kwa mirija miwili.

"Sasa umenyamaza," Maame Pokuaa alisema. "Mara ya kwanza tangu uzaliwe. Hata kule jalalani ulipiga makelele, ukataka kuharibu mpango."

Aliosha mikono. Maji yalisikika kwenye beseni. Halafu akaanza kusema, kwa sauti ya mtu anayechambua mchele.

"Umeniuliza habari za hizi alama tangu ukiwa huna meno. Usiniulize tena, nakwambia leo. Bibi yangu, yule waliyemwita Afua, hakuwa Afua. Alikuwa Lariba. Walimuuza Salaga sokoni hajang'oka hata jino la kwanza, akaletwa huku, akakulia nyumba hii hii. Mzee wa ukoo akazaa naye mama yangu, na mtoto akaitwa wa ukoo, maana kwa mama hakuwa na kwao. Nilimwahi bibi. Nilikuwa nalala naye kitanda kimoja. Usiku ananishika kidole, ananipitishia mashavuni mwake. Huu, na huu, na huu mdogo. Ananiambia, mama yangu akinikuta popote atanijua kwa hivi. Mzee mzima, bado anangoja mama yake."

Sumina alisogeza mkono. Mama aliukamata, akaushikilia.

"Tulia, utaharibu. Alipokufa walimzika kama Afua. Kwenye tambiko hawamtaji, hata kwa hilo jina la kubandikwa. Basi wewe ulipokuja baada ya wale watatu, wakaniambia mchanje. Kinyozi akaniuliza, chale mbili tatu tu, au vipi? Nikamwambia hapana. Huu, na huu, na huu mdogo. Nikamchorea kwa mkaa. Ulikuwa ndiye mtoto pekee katika nyumba nzima anayeweza kuchanjwa bila mtu kuuliza swali. Wakadhani nakuficha kifo kisikuone. Nami nilikuwa namficha Lariba."

Nje mtu alikuwa akimwita muuza mkate.

"Nana Ataa yuko kitandani, haamki tena. Akienda, kiti cha mama mkuu wa ukoo ni changu, kwa umri hakuna aliye mbele yangu. Nimewaosha maiti wa nyumba ile wote, nimepika misiba yao yote, sijawahi kudai kitu. Nikikaa pale, siku ya tambiko nitasema majina, na katikati ya majina nitamtia lake. Lariba. Moja tu, upesi upesi. Nani atamuuliza mama mkuu kataja nani? Ndicho ninachokitaka, sitaki kingine." Akagonga plasta kwa kucha kuona kama imekauka. "Haya nimekwambia wewe. Yaishie kwenye sikio lako."

Plasta ilipotolewa, ndani yake uso ulikuwa umelowa, na si kwa siagi tu. Sumina alimwahidi mama yake, akamwapia. Wakala mahindi.

Sasa nieleze alivyoivunja ahadi hiyo, maana hakuivunja kama mwizi, aliivunja kama msomi, na hiyo ni mbaya zaidi. Makumbusho fulani ya Hamburg yalikuwa yameiomba kazi ya sabuni. Mama mmoja wa huko aliyesimamia maonyesho alikuja Bantama, akasikiliza rekodi zote: maji, feni, plasta. Ilipofika sauti ya Maame Pokuaa akafunga macho. Hakuelewa hata neno moja. Akasema hii ndiyo roho ya kazi, bila hii ni sabuni tu.

Sumina alikataa. Siku ya pili alikataa kwa sauti ya chini. Siku ya tatu alianza kujihubiria. Huko nani anajua Kitwi chetu? Hapataandikwa tafsiri ukutani. Itakuwa sauti tu ya mama akinong'ona, kama maji, kama feni. Maneno yatakuwepo lakini maana haitakuwepo. Tena, alijiambia, asili hii ni ya nani? Ni yangu, iko usoni mwangu. Mtu haruhusiwi kutaja asili ya mwenzake. Ya kwake je, nani atamzuia?

Hoja nzuri, zote, na zote za kijinga. Asili si kitambaa cha kichwa, kwamba kila mmoja ana chake. Ni paa, ukitoboa juu ya chumba chako mvua inawalowesha wote. Na mtu wa Kumasi anayesahau kwamba Hamburg imejaa watu wa Kumasi, huyo masomo yamemla ubongo. Hakuna ukoo mjini humu usio na mtu kule. Na watu wetu katika majumba makubwa kama yale huwakuti wamesimama na glasi mkononi mbele ya picha. Wanaingia alfajiri, kabla ya wageni, na ndoo na mfagio.

Aliyeingia alfajiri ile ni Afrakoma, binti wa Maame Dufie. Maame Dufie ni binamu yake Maame Pokuaa kiukoo, mdogo kwake kwa mwaka mmoja, muuza vitenge mwenye ulimi mtamu; wa pili kwenye kiti kile kile. Afrakoma alikuwa anapiga deki kandokando ya mabeseni wakati fundi alipowasha vyombo kujaribu, na ukuta ukaanza kuongea Kitwi kwa sauti ya mama yake mkubwa. Aliogopa kwanza, akadhani mama mkubwa amekufa. Kisha akasimama na deki mkononi, akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akatoa simu, na fundi aliporudia kujaribu, akairekodi.

Kazi ilisifiwa sana. Makumbusho yaliinunua, sauti na kalibu. Sumina alikuwa bado ndani ya ndege ya kurudi na ile rekodi ilikwishapita kwenye kundi la ukoo la WhatsApp, chini yake hakuna aliyeandika neno. Kundi lina watu tisini. Wiki hiyo hiyo Nana Ataa alifariki.

Maame Pokuaa hakumfokea. Bora angemfokea. Sumina alipokwenda nyumbani alimkuta anapanga sufuria za msiba, akamwamkia, akaitikia kama anavyoitikiwa mgeni.

"Mama, nilidhani kule..."

"Sogea, unaniziba mwanga."

Hakupata zaidi ya hayo kwa siku zote za matanga.

Baada ya matanga Mjomba Oppong alimfuata Bantama, akapanda ngazi akihema, akakaa. Alizitazama nyuso za sabuni zilizorudishwa kutoka Hamburg, kreti zima, zile ambazo hazikutumika.

"Kumbe ndizo hizi. Zinanukia vizuri." Alijifuta jasho. "Sikiliza, mwanangu. Dufie ameomba kikao. Atawasha hiyo sauti mbele ya wazee. Yeye hatasema kitu, ana akili; atawasha tu. Sheria inamkataza mtu kutaja asili ya mtu, lakini haikatazi kusikiliza mtu akijitaja mwenyewe. Umeona mlipofika?"

"Nimeona."

"Mimi ninajua, na kila mwenye mvi pale anajua, tangu zamani. Lakini kujua si kutaja. Sasa imetajwa, na uzao wa mtu aliyenunuliwa haukalii kiti. Iko dawa moja tu. Wewe useme umetunga."

"Nimetunga?"

"Si ndiyo kazi yenu? Useme ni hadithi, uliiandika wewe, ukamfundisha mama yako maneno, akasema kwa kukusaidia. Ukisema hivyo, hakuna lililotajwa. Alama zako ni za mtoto aliyekataa kukaa duniani, basi, kama watoto wengine. Utaleta kondoo na chupa mbili za pombe, tutawaomba radhi wazee waliolala, mama yako atakaa."

"Mama anasemaje?"

"Mama yako haongei na mtu. Wewe unataka akae au hutaki?"

Sumina alikuwa ametumia miaka ishirini kusema kwamba mwili hausemi uongo. Aliandika hivyo kwenye vitabu vya maonyesho, alihojiwa redioni akasema hivyo. Lakini alipofikiria mama yake katikati ya tambiko, akitaja jina moja upesi upesi, alijiona yuko tayari kumeza yote. Kiti ndicho mama alichokitaka, na yeye ndiye aliyekiweka hatarini. Atakitoa hatarini. Hakwenda kumuuliza mama yake, na hapa simtetei. Aliogopa kuambiwa tena asogee.

Kikao kilikaa uani siku ya Jumapili. Wazee kwenye viti, wanawake upande wa jikoni. Maame Dufie alisimama, kitenge kipya kikimwakia mwilini.

"Wazee, mimi sijasema neno, na Mungu anisamehe, sisemi. Nimeleta simu tu. Masikio ni yenu."

Akaiwasha. Ua mzima ulisikia maji yakimwagika Bantama, na muuza mkate akiitwa, na sauti ya Maame Pokuaa ikihesabu mistari: huu, na huu, na huu mdogo. Mzee mmoja aliinama. Hakuna aliyemtazama mwenzake. Ilipokwisha, Maame Pokuaa, aliyekuwa amekaa wima na mikono mapajani, aliinua mkono wa kulia kuomba kusema.

"Atasema," alisema Mjomba Oppong, "lakini kwanza tumsikie mwenye kazi." Akamkazia macho Sumina.

Sumina akasimama. Sauti ilitoka nzuri, amezoea kusimama mbele ya watu.

"Wazee wangu, nimekosa. Maneno hayo niliyatunga mimi. Ni hadithi, nilikuwa nayahitaji kwa kazi. Nilimwandikia mama, nikamfundisha, akayasema kwa kunisaidia. Huyo Lariba hakuwepo. Nilichanjwa kwa sababu ndugu zangu walikufa. Nimekuja na kondoo."

Mkono wa Maame Pokuaa ulikuwa bado juu. Ulikaa juu kidogo, kisha ukashuka polepole, akauficha kwenye kitenge.

"Pokuaa," Mjomba Oppong alimgeukia, uso umekunjuka, "ulikuwa unataka kusema."

"Sina la kusema. Mwenye maneno kasema."

Wazee wakashusha pumzi. Ungesikia ua mzima ukilegea. Kondoo akapokelewa. Ila Maame Dufie hakuwa amekaa chini.

"Nashukuru kusikia ni uongo," alisema, mpole kabisa. "Roho yangu imetulia. Basi niulize kama mjinga: dada yangu amekubali kufundishwa uongo juu ya marehemu wa nyumba hii, akausema mbele ya wazungu, mwanawe akalipwa. Mtu huyo ndiye tumpe kiti, atutajie wazee wetu? Kesho akifundishwa mwingine?"

Dawa ya Mjomba Oppong ilikuwa imemgeukia mgonjwa. Wazee walinong'onezana, na haikuchukua muda. Wakampa Dufie.

Siku ya kumkalisha mama mkuu mpya ilipikwa fufu ya kulisha mtaa. Sumina alipewa birika na beseni, awanawishe wageni mikono. Kazi ya mabinti wadogo, lakini hakuna aliyelieleza hilo wala yeye hakuuliza. Sabuni walikuwa wameileta wasichana wa nyumba. Lile kreti alikuwa amelihamishia kwenye ukumbi wa mama yake, nao wakaona sabuni nyeusi nzuri imekaa bure, wakakata uso mmoja vipande kwa kisu. Kwenye kisahani palikuwa na kipande cha shavu la kushoto. Hawakuwa na ubaya wowote. Sabuni ni sabuni.

Mabinamu walinawa, wajukuu walinawa. Maame Dufie alinawa, mavazi meupe mapya ya sherehe yakimpendeza, akamwambia asante mwanangu. Kila mmoja alikisugua kile kipande mara mbili tatu, akakirudisha. Katika makumbusho watu walinawa kwa ncha za vidole, wakitazamana. Hapa walinawa kama watu wenye njaa.

Kisha akaja Maame Pokuaa. Aliweka mikono juu ya beseni, Sumina akamimina, na mama akakichukua kipande kile kabla ya kukitazama. Akasimama hivyo, maji yakimchuruzika viganjani.

"Ndizo hizi?"

"Ndizo, Mama."

Alipitisha kidole gumba juu yake. Mistari mirefu ilikuwa imekwisha. Uliosalia ni ule mdogo wa pembe ya mdomo, nao ulikuwa umelainika.

"Siku ile niliinua mkono," alisema. "Uliniona?"

"Nilikuona."

"Nilitaka kusema ndiyo."

Sumina alishusha birika.

"Kiti nilikuwa nimeshakiaga tangu mazishi ya Nana Ataa. Sikuwa na shida nacho tena. Nilitaka niseme ndiyo, ni bibi yangu, aliitwa Lariba. Niseme mle uani, wote wapo, wasikie jina. Mara moja tu ingetosha."

"Nilitaka kukuokoa, Mama."

"Najua." Hakusema kwa hasira, ndiyo maana liliuma. "Kule Salaga walimuuza, lakini hawakusema hakuwepo. Wewe ulimuuza, halafu ukasema hakuwepo."

Alikikausha kile kipande kwa upindo wa kitenge chake, akakifunga fundo kwenye ncha kama wanavyofunga pesa wanawake wa sokoni, akaenda kukaa na wenzake, akakatiwa tonge.

Nyuma yake alikuwa Mjomba Oppong, mikono tayari mbele, mikono ya nguo ameikunja.

"Mimina, mwanangu, supu inapoa." Akatazama kisahani. "Sabuni iko wapi?"

"Imekwisha, Mjomba," Sumina alisema, akammiminia maji matupu.